Siku Nilimulisha Mukwe Wangu Mbele ya Bantu

Nilikawia sana kuandika hii mambo, na hata sasa vile naandika mukono uko muzito, juu kuko haya ingine muntu anaosha na maji na sabuni na inaisha, na kuko haya yangu. Mu Kamina yote, kuanzia ku gare ya reli mpaka ku soko, hakuna mama wa umri wangu mwenye hakusikia kama minyi nilimulisha mukwe wangu mukate kwa mukono yangu, na nikamupangusa kinywa na ncha ya kikwembe, mbele ya bantu, mu sale ya paruasi, ile nyumba kubwa ya mikutano ya kanisa, siku ya Mungu, nyuma ya misa. Bengine baliona mu telefone. Bengine banaongeza na bya kwao (kuko mwenye anasema niliikala juu ya magoti yake, ile ni buongo, juu ya magoti sikuikala). Basi niseme minyi mwenyewe, nimalize, na mwenye anataka kucheka acheke, lakini mbele asikie.

Minyi ni Muluba, nilizaliwa kule ngambo ya Kabondo-Dianda, na nilifika Kamina bibi-arusi mudogo mwenye hajue hata kuvuka reli. Mungu alinipa mutoto mwanamuke mumoja, Bea. Bea aliolewa na mwanaume wa kazi ya reli, akazaa mutoto mwanamuke, Mado, na Mado alikuwa na miaka ine tu wakati mama yake alikufa. Jina ya huyu mukwe wangu sitaliandika. Kwetu mama mukwe hataji jina ya bwana wa mutoto wake, hata kama nyumba inaungua na yeye iko ndani. Nitasema Baba Mado.

Na mwenye hakukomalia kwetu ajue hivi: mama mukwe na mukwe habaangaliane mu macho, habakule mu sahani moja, habaikale ku kiti kimoja, habagusane hata kidole. Ile njo tunaita buko. Haiko chuki. Ni heshima, na minyi hii heshima niliibeba kuliko bamama bote, nilijisifia nayo, bantu balikuwa banasema «uangalie Nkambo, yeye njo anajua buko» (nkambo ni mama muzee mwenye bajukuu, vile bote bananiita). Wakati Bea alikufa, Baba Mado alinijengea nyumba ya bipande mbili, cha kulala na cha kuikala, nyuma ya nyumba yake, mu lupango lwake, kiwanja chake chenye uzio, ili nimulelee mutoto. Tuliikala vile miaka kumi na munane. Nilijua kikohozi chake. Nilijua viatu vyake, rangi ya udongo, cha kushoto kilitobolewa na kidole kikubwa, juu akipita nilikuwa nainamisha kichwa na nilikuwa naona viatu tu. Lakini sura? Muniulize sura yake iko namna gani, kweli ya Mungu, nilikuwa najua ile ya mu picha ya ndoa, kijana mwembamba mwenye nywele mingi. Kiisha pale sikumuangalia tena.

Na maneno? Maneno tulikuwa tunatuma. Kama Mado hayuko karibu, nilikuwa nasimama ku kiwanza naambia kuku: «Weye kuku, mwambie Baba Mado makala ya kupikia imeisha.» Na yeye mu dirisha, bila kutosha kichwa inje: «Kuku, mwambie mama kesho nitaleta kiloba.» (Kuku wa watu alikuwa anakula udongo tu, hakuna habari.) Lakini kama Mado iko, ni yeye njo alikuwa anabeba. Na pale njo yote ilianza, juu ule mutoto hakubeba neno tupu. Alikuwa na miaka sita, namutuma «mwambie baba yako mvua itaingia mu nyumba yangu, paa limetoboka,» anakimbia, na minyi nasikia kule sauti yangu mwenyewe, na mugongo wangu wenye kuuma ndani ya ile sauti, na namna yangu ya kunusa kabla ya kulalamika. Kiisha anarudi kwangu na mukono ku kiuno, na kikohozi kimoja kidogo mbele ya neno, na naona Baba Mado muzima amesimama pa mulango wangu mu kanzu ya mutoto. Nilikuwa nainamisha kichwa, nawaambia! Mbele ya mutoto wa miaka sita! Bamama ba jirani balikuwa banakuja na biti byao banaikala banangoja tutumane maneno.

Ile njo masomo yake. Nyuma yake alianza kucheza michezo ya kuigiza ku masomo, ku ndoa za bantu, na sasa ana miaka makumi mbili na mbili na kila mwezi, siku ya Mungu ya tatu, sale ya paruasi inajaa juu yake. Na hapana kufikiri ni teatro yenye bantu banasoma mu karatasi. Mado haandike kitu. Anaita bantu mbili mu sale, anageuka, anaangalia ukuta, anabapa mugongo, anabasikiliza banasemezana, na kwa ile sauti tu anajenga muntu mupya, anamupa mwendo, anamupa jina, anamupa kitu anachoogopa, na wakati anageuka ule muntu amekwisha kuzaliwa. Nilionaka polisi mwenye jino linamuuma na haogope mwizi lakini anaogopa munganga. Nilionaka mama mwenye kuuza maji na hajue kuoga. Unacheka, kiisha unamuonea huruma, kiisha unacheka tena. Na akimaliza, ule muntu haurudie kumuona. Siku moja nilimulomba anirudishie ule polisi mu jikoni, peke yangu tu. Akaniambia: «Nkambo, ule alishaenda.» Hivi tu. Harudie kitu.

Basi bantu ba Lubumbashi balimusikia. Kuko kundi kule, banacheza kila poso, ni kusema kila juma, balimupigia telefone bakamwambia aende aikale nabo, akomae mu ile kazi, na bo batangoja jibu mpaka mwisho wa mwezi tu. Mado alifurahi namna nilimuona anafagia kiwanza mara mbili. Lakini bila neno la baba hatoke, na baba alikataa. Na munajua nani alileta kwangu ile neno ya kukataa? Yeye mwenyewe. Alisimama pa mulango wangu, mukono ku kiuno, kikohozi, na sauti ya baba yake: «Mwambie mama, mutoto wangu hatakuwa muntu wa kuchekewa na bantu.» Alisema vizuri kabisa, hakupunguza kitu, na machozi yake mwenyewe yalikuwa yanashuka ndani ya sura ya baba yake.

Nilikasirika. Nikamwambia: «Mwambie baba yako hajaonaka hata mara moja kile anachokataa. Aone mbele, ndipo akatae.» Akaenda, akarudi. Akaenda tena. Poso mbili tulitumana, na nyuma yake Baba Mado alikubali: atakuja siku ya Mungu, mara moja, ataikala nyuma na benzake ba kazi, ataangalia, na ile siku atatoa neno lake la mwisho.

Na Mado akanilomba kitu kimoja. Alishika mikono yangu yote mbili. «Nkambo, siku ile weye ubakie ku nyumba. Baba akikuona mu sale atatoka juu ya heshima yako, na hatarudia.»

Nikasema ndiyo. Na nilikuwa nasema kweli, mpaka saa tisa ya ile siku.

Saa tisa Mama Sidonie, jirani yangu, Mukasai mwenye anauza mikate ya mafuta, alipita na kikapu ku kichwa. «Nkambo, hauende? Minyi naenda kuuzia kule.» Nikamwambia nimekatazwa. Akacheka. «Weye mwenye ulimulea? Weye njo ubakie na kuku?» Ile neno ilinifuata mpaka mu nyumba. Nikasema mu roho, nitasimama pa mulango tu, nitasikia sauti yake kidogo, nirudi. Na nikavaa kikwembe kipya (muntu wa kusimama pa mulango tu, anavaa kikwembe kipya juu ya nini? Muniulize vile, minyi pia nilijiuliza nyuma).

Nilifika pa mulango, nikainama, nikatafuta viatu. Nilipitisha macho chini ya banki zote za nyuma, mustari kwa mustari, natafuta kiatu cha rangi ya udongo chenye kidole kinatoka. Sikukiona. Nikatafuta tena. Hakuna. Nikasema: hakukuja. Mwanaume wa buongo, anajua tu kukataa. Na hasira ilinipanda, nikasema kama baba yake hakukuja, basi mutoto aone minyi, nikapita katikati ya bantu mpaka banki ya mbele kabisa na nikaikala kama bibi ya gavana.

Sikujua kama Baba Mado ile asubuhi alienda ku soko kununua viatu vipya, vyeusi, juu alikuwa anaenda kumuona mutoto wake kazini mara ya kwanza.

Mado alitoka. Aliniona, nilijua aliniona, juu jicho lilisimama kidogo, lakini akasalimia bantu na akaanza. Akaweka banki moja ndefu katikati. «Leo nataka bibi na bwana,» akasema. «Mwanamuke mumoja, mwanaume mumoja, ambao habajuane. Mutaikala hapa kama bantu ba ndoa ya miaka makumi tatu. Minyi sitachagua.» Akageuka, akatupa mugongo.

Hakuna mukono uliopanda. Bantu ba Kamina tunajua kuangalia mwenzetu anapanda, kupanda sisi wenyewe hatupende. Bakaangaliana, bakakohoa, mumoja akasema «panda weye,» mwingine «bibi yangu ataniua.» Minyi nilikuwa naangalia mabega ya mutoto wangu ku ule ukuta. Yalikuwa yanashuka polepole. Nikasema, baba hakukuja, na sasa na sale imemukataa.

Nikapandisha mukono.

Sale yote ikapiga makofi. «Nkambo! Nkambo!» Nikapanda, nimekaza kikwembe, nikaikala ku mwisho wa banki, na ukweli niuseme, nilisikia utamu. Nyuma, kundi la bantu ba reli balikuwa banasukuma mumoja wao: «Shefu, panda! Shefu, hapana kutufezehesha!» Mwanaume alikuwa anakataa na mukono, kiisha akapanda, kofia mu mukono, kichwa tupu bila nywele, amenenepa shingo, viatu vyeusi vinalia kwi kwi kwi. Akaikala ku mwisho wa pili. Hakusema kitu. Aliangalia mbele tu. Na minyi? Nilimuangalia! Nilimuangalia sura yote, kutoka ku kipara mpaka ku kidevu, na sikumujua.

«Mama, anza,» Mado akasema ku ukuta. «Hapana kusikia haya.»

Basi nikabadilisha sauti. Nilitaka kuonyesha kama ule mutoto hakutoa ile kazi mu hewa. Nikajifanya bibi mudogo mwenye wivu, sauti nyembamba ya mu pua. «Bwana wangu! Tangu asubuhi umenipa mugongo, ulikula kwa nani?»

Sale ikacheka. Yeye akaendelea kuangalia mbele.

«Anaona haya!» nikaambia bantu. «Kwa nyumba haiko hivi!»

Bakacheka zaidi. Nikasogea karibu. Nikamushika mukono. Ulikuwa baridi, nikasema ni muoga. Mumoja mu sale akapiga kelele, «Mulishe! Amesikia njaa!» na bengine wote bakashika, «Mulishe! Mulishe!» na Mama Sidonie, kwa furaha yake, bila kuangalia vizuri bwana ni nani, akatosha mukate mu kikapu akanirushia. Nikaukata. Nikamuwekea mu kinywa. Alikuwa amefunga meno na minyi nikasukuma, na vidole vyangu, nawaambia vidole hivi, mpaka mukate ukaingia. Mafuta yakamushuka ku kidevu. Nikakamata ncha ya kikwembe nikamupangusa, na nikaweka kichwa changu ku bega lake, nikasahau ile sauti ya mu pua, nikasema na sauti yangu ya kweli: «Angalieni vile ni muzuri, bwana wangu.»

Na pale njo alikohoa.

Kikohozi kimoja, kidogo, mbele ya neno. Kiisha, bila kunigeukia, akainamisha kichwa, akaangalia banki katikati ya magoti yake, akaiambia banki: «Weye banki. Mwambie mama ya Bea kama ni minyi.»

Sale ilipasuka. Balicheka mpaka bakapiga chini miguu, juu walifikiri shefu na yeye ni muchezaji, anasemesha banki. Na minyi niliruka. Niliruka kama muntu mwenye amekalia moto, na munajua banki ndefu, bantu mbili wako upande mumoja (minyi njo nilisogea ku upande wake, nikumbuke vizuri), mumoja akitoka haraka, mwenye kubakia ku ncha anapinduka nayo. Banki ikapinduka, Baba Mado akaanguka na mugongo, viatu vipya juu. Nikageuka nimuinue, kiisha nikakumbuka sina haki ya kumugusa, nikabakia na mikono mu hewa, siende mbele, sirudi nyuma, kikwembe kimefunguka nusu, na bantu banacheka, banacheka, na telefone zote zimepanda.

Bamama bazee ba Kiluba, benye banajua mukwe njo anasemesha kitu ili mama mukwe asikie, balinyamaza ba kwanza. Niliona mumoja, mu banki ya tatu, alifunika kinywa. Kiisha mwingine. Akanong'oneza ku sikio la mwenye alikuwa karibu, na ule akanong'oneza, na ile kimya ikatembea mustari kwa mustari kama maji, mpaka ikafika kwa bijana, na bijana na bo bakashusha telefone.

Ndipo Mado akageuka. Nyuma aliniambia kama sauti yangu aliijua ku neno ya kwanza, alikuwa anacheka mu roho, anajiambia Nkambo hakusikia katazo langu. Lakini mwanaume hakusema, na wakati alisema bantu balicheka juu ya sauti yake, hakusikia. Sasa aliona. Baba yake chini. Nkambo yake na mikono mu hewa.

Hakutoka. Mwingine angezima na kusema asante bantu. Yeye alikamata ile banki, akaisimamisha wima katikati yetu kama mulango. Baba yake upande huu, minyi upande ule, sikumuona tena, na sikuwa nimejua kama kipande kimoja cha mbao kinaweza kumupa muntu pumzi. Nikafunika kichwa na kikwembe. Na Mado akasimama pale pa mulango, na akaanza kubeba maneno, vile alibebaka tangu mutoto, lakini hatukuwa tumemutuma.

Kwa sauti yangu, na mugongo wangu na pua yangu, ku upande wa baba: «Mwambie Baba Mado, udongo ungefunguka ningeingia.»

Kiisha, mukono ku kiuno, kwa sauti ya baba, ku upande wangu: «Mwambie mama, hakuna mwenye alitaka.»

Hakuna aliyecheka. Nilisikia mama mumoja analia.

«Mwambie Baba Mado, nilikosa heshima ya miaka yote.»

«Mwambie mama, niliiona ile miaka.»

Kiisha akakohoa tena kikohozi cha baba yake, akasema: «Mwambie mama, na huyu mutoto…» na akaacha. Akageuka kwa baba yake, sura ya baba yake ikamutoka, ikabakia yake tu. Alikuwa anangoja. Alimuachia neno mahali lilifaa kuwa, ili yeye mwenyewe alimalize, mbele ya bantu bote. Minyi chini ya kikwembe nilikuwa naomba Mungu.

Baba Mado aliinuka. Akapangusa suruali. Akakamata kofia, akashuka, akapita katikati ya bantu, na tulisikia vile viatu, kwi kwi kwi, mpaka inje.

Mado alibakia na kinywa wazi. Ule mutoto hakukosaka neno tangu alizaliwa.

Ku nyumba hakunipigia kelele. Aliniletea maji ya kuoga, akasema «Nkambo, nilikulomba kitu kimoja,» akaenda kulala. Ningependa anipigie kelele.

Kiisha Kamina yote ilitushika. Batoto ba mu njia: «Banki! Banki!» Ku soko, mwanamuke nisiyemujua aliniuliza kama nina mukate. Hii nilisema ni yangu, nitaibeba. Lakini siku ya Mungu iliyofuata Mado alicheza ku ndoa moja, na alipopanda tu, bakaanza: «Banki! Lete Nkambo! Tuonyeshe ule wa mukate!» Aliwaambia ile ilishaenda. Aliomba bantu mbili. Hakuna. «Banki! Banki!» Alijaribu kumutosha muntu mupya, mwenye kuchimba visima, bakamupigia miluzi mpaka akashuka. Ndugu ya bibi-arusi alimwambia: «Dada, kama haufanye ile, tulikuitia nini?» Nilimuona anarudi, viatu mu mukono. Akaniambia: «Nkambo, banataka nirudie,» kama vile muntu anasema banataka nikufe.

Baba Mado hakutuma neno, hata kwa kuku. Dirisha lilifungwa. Na mwisho wa mwezi ulikuwa unakuja.

Ndugu ya bwana yangu marehemu, mukubwa wa jamaa yetu, alikuja. Alisema: «Buko ilishavunjika. Haitengenezeki kwa kusema pole. Itatoshwa.» Muelewe: ikivunjika vile, kuko namna ya kuitosha, ni kusema kuiondoa kabisa, kila mumoja analeta kuku, munapika mu nyungu moja, munaikala ku mukeka mumoja, munaangaliana, munakula mu sahani moja, na kuanzia pale hakuna tena buko kati yenu, muko sawa na mama na mutoto. Bengine banafurahi nayo. Minyi nililia usiku muzima, juu ile heshima ilikuwa nguo yangu, na nilikuwa naivuliwa juu ya kosa, si juu ya mapendo.

Asubuhi tuliikala. Mukubwa akasema: «Inueni macho.» Nikainua. Ule mwanaume wa kipara alikuwa ananiangalia, na macho yake yalijaa maji, na nilifikiri ni hasira. Hakuwa na kuku wa kusemesha, hakuwa na mutoto wa kutuma. Akakohoa.

«Mama,» akasema, kwangu mwenyewe. «Sikujua kama Bea alikamata sura yake yote kwenu.»

Sikuweza kula. Miaka kumi na munane tulilia mutoto mumoja mu lupango lumoja, yeye kule, minyi huku, na hakuna aliyemuona mwenzake analia.

Kiisha akaweka mukono mu sahani, ili ile kazi iishe, na akasema ile neno nilikuwa nangoja. «Mado aende Lubumbashi.» Mado alikuwa pa jikoni, kijiko kikamuanguka. Lakini baba hakucheka. «Hapana kufikiri nimekubali juu ya furaha. Ile siku mu sale alitosha sauti yangu, na nikasikia vile niko mukali, na alipongoja neno sikuwa nalo, njo nikatoka. Ningekawia bado. Lakini hapa kazi yake ilishakufa, Mama. Ule mutoto ana bantu bengi mu kichwa, na Kamina inamulomba mbili tu, minyi na weye, na mukate. Aende mahali habatujue.»

Nilitaka mutoto wangu aende, niliomba, nilituma maneno poso mbili juu ya ile. Nilitaka aende bantu banamusindikiza na kumulilia. Alienda asubuhi na mapema juu ya kamio, motokari kubwa yenye kubeba mahindi, kitambaa kimefunika uso, ili bijana ba pa njia panda basimujue bakaanza «Banki.» Nilitaka kufika pa kamio. Akasema: «Hapana, Nkambo, tuagane hapa.» Na ile mara nilisikia neno lake.

Sasa anacheza kule kila poso. Bantu ba kazi ya reli banapanda na kushuka banatuletea habari: kila mara anatosha muntu mupya, juzi alikuwa mwalimu mwenye anaogopa chaki, mbele yake shoferi mwenye amepotea mu kartie, mu mutaa wake mwenyewe, na sale inajaa mpaka ku madirisha. Niliwauliza kama ametoshaka mama muzee. Bakafikiri, bakasema hapana, hata siku moja. Nikamuuliza yeye ku telefone. Akaniuliza tu kama nilishakula.

Baba Mado anakula kwangu sasa, ku meza moja, na bado nasahau, bado nainamisha kichwa. Naye anazungumza na minyi muso kwa muso na hatuna mengi ya kusema, juu mwenye alikuwa anatupa utamu wa maneno hayuko.

Basi hii njo nimeapa, na nimeapa mbele ya ule mukubwa wa jamaa ili ishike. Siku Mado atarudi kucheza Kamina, kama atarudi, nitaikala mu nyumba na mulango umefungwa, na nitangoja bantu watoke ku sale, na wakipita nitauliza tu kama sauti yake haikukauka.